Daftari la Upepo

Bwana Muchemi, siku ile ulipofika Keringet na karatasi zako za rangi
ulilamba kidole, ukakiinua juu,
ukasema, "Mama Jelagat, hapa upepo upo."

Upo, nilijua. Ulinivulia banda la kuku mwezi wa pili,
mabati matatu tukayaokota kwa jirani,
moja limekunjwa kama chapati.
Lakini mwizi naye yupo, wala hatumwandiki kazi.

Nikakupa maziwa, ukaenda zako. Nikaanza kupima.

Vikombe vinne vya plastiki, beringi ya baiskeli ya marehemu,
kikombe kimoja nikakipaka rangi ya kucha ya Jelagat
ili jicho lipate cha kuhesabu.
Asubuhi, saa saba, jioni,
na usiku mara mojamoja, kwa tochi, shuka mabegani.

Daftari linasema:
Januari mchana unakimbia kama ng'ombe walionusa chumvi.
Aprili unakohoa tu.
Julai ukungu umelalia viazi hadi saa sita,
jua halipo, na upepo nao hauna haraka;
na ni Julai hiyohiyo ninayotaka vifaranga,
mayai mia na ishirini ndani ya mashine isiyojua kusubiri.
Usiku, saa nane: vikombe vimesimama.
Jelagat aliandika sufuri,
akaichorea macho na mdomo. Inacheka.

Halafu mikaratusi.
Baba mkwe aliipanda safu mbili ili upepo usitukute uchi.
Miaka thelathini imefanya kazi hiyo bila kudai senti.
Wewe ulisema, "Ikate, mama, ama mlingoti uipite kwa mita kumi."
Nikapiga hesabu ya chuma, saruji, nyaya za kuushikilia,
nikaona nanunua mnara, kinu ni nyongeza.
Na nyuma ya miti upepo hufika umevunjika,
unapapasa kama mlevi anayetafuta mlango wake:
vikombe hukurupuka, vikasita, vikakurupuka tena.

Mwezi wa tisa niliubeba mti wangu hadi kilimani,
pale nyasi zinapolala upande mmoja
na kichaka kimeinamia magharibi tangu kuota kwake.
Huko, hata saa nane ya usiku, vikombe vilivuma.
Nikaketi, nikalia kidogo, sijui kwa nini.
Kisha tochi ikaangukia jiwe la mpaka.
Lilikuwa nyuma yangu, hatua kumi na moja.

Nilikuwa kwa Arap Tuwei.

Shemeji yangu, mdogo wa marehemu.
Hatujasalimiana tangu mpima ardhi apite na kamba yake.
Kesi iko Molo, faili limenenepa kuliko ndama wangu.
Upepo wa maana uko upande wake,
haja iko upande wangu,
na katikati waya wa mita mia tatu
ambao, umeniambia mwenyewe, hula stima njiani.
Hata maneno hupungua yakisafiri umbali huo.

Sasa unanipigia simu: amana ni asilimia thelathini,
bei itapanda mwezi ujao.
Ipande. Sijawahi kuiona ikishuka kumngoja mtu.
Jibu langu, kwa boma hili, ni hapana.
Kule juu, labda.
Lakini labda hiyo si wewe unayeiuza.

Leo nimechemsha mayai sita,
nimeyafunga kitambaani pamoja na daftari,
nimevaa viatu vya mpira.
Kwake kuna watoto watano na koroboi moja;
niliiona kutoka kilimani usiku ule,
mwali wake mdogo dirishani,
mtu yuko macho kama mimi.

Sijui kama nitaanza na salamu ama na tarakimu.
Nadhani nitafungua ukurasa wa Julai,
nimwonyeshe kwanza ile sufuri inayocheka.